Ng'ombe alichoka, mashine haikuchoka

Ukimtajia mtu wa kwetu jina la Oman, mawazo yake huenda kwenye halua, tende, ubani na mafuta ya petroli. Tango halimo katika orodha hiyo. Hata hivyo, ukiingia katika soko kuu la mboga na matunda la nchi ile, ambalo mwaka 2024 lilihamishwa kutoka Mawaleh mjini Maskati na kupelekwa Khazaen upande wa Barka, utakuta matango, nyanya, bilinganya na pilipili hoho zilizolimwa humo humo nchini, zimepangwa bega kwa bega na zile zilizoletwa kwa malori na meli. Nchi hiyo kwa wastani hupata mvua ya milimita 100 hivi kwa mwaka. Sisi wa Dar es Salaam, ambao hununung'unika kila masika inapochelewa, tunapata zaidi ya milimita 1,000.

Leo nataka tuzungumze jinsi mboga hizo zilivyofika kwenye meza ya muuzaji, na gharama iliyolipwa. Nilikwenda huko mwaka 2019 kwa shughuli nyingine kabisa, nikarudi na habari hii kichwani, na tangu wakati huo haijaniacha.

Tuanze na mtu tunayemjua. Vitabu vyetu vya historia vinamtaja Imamu Seif bin Sultan wa ukoo wa Yaarubi kwa jambo moja: majeshi yake ndiyo yaliyowatoa Wareno katika Ngome ya Yesu, Mombasa, mwaka 1698, baada ya kuizingira kwa karibu miaka mitatu. Mwanafunzi akiandika hilo katika mtihani anapata alama zake na kuendelea na swali jingine. Lakini huko kwao Imamu huyo anakumbukwa kwa jina la Qaid al-Ardh, yaani kifungo cha ardhi, kwa jinsi alivyoimiliki nchi kwa mashamba. Wanahistoria wa Oman wanasimulia kwamba alichimba au kufufua mifereji 17 ya maji, na akapanda minazi 6,000 na mitende 30,000. Fedha iliyopatikana kwa biashara na vita vya baharini, pamoja na huku kwetu, sehemu yake ilikwenda kuzikwa ardhini ili maji yatoke.

Mfereji wa namna hiyo Waarabu wa Oman wanauita falaj, na nawaomba tukae hapa kidogo, kwani bila ya kuuelewa falaj hatutaelewa lolote litakalofuata.

Chini ya milima, mafundi huchimba kisima mpaka wakutane na maji. Kisima hicho ndicho mama. Kisha huchimba njia ya chini kwa chini, yenye mteremko mdogo mno, mara nyingine kilomita kadhaa, mpaka njia hiyo itokeze juu ya ardhi karibu na kijiji. Kila baada ya hatua kadhaa huacha shimo la kutolea mchanga na kuingizia hewa. Maji hutiririka yenyewe usiku na mchana. Hakuna ndoo, hakuna mashine, hakuna anayevuta. Iko mifereji ya namna nyingine, inayotoka kwenye chemchemi au kwenye mabonde ya mito ya msimu, lakini huu wa chini kwa chini ndio fahari yao. Mwaka 2006 shirika la UNESCO liliiweka mifereji 5 ya Oman katika orodha ya urithi wa dunia, ukiwemo Falaj Daris wa karibu na Nizwa. Mifereji inayotiririka mpaka leo nchini kote ni kiasi cha 3,000.

Ajabu ya falaj si uchimbaji peke yake. Ajabu ni hesabu. Maji hayagawanywi kwa debe bali kwa muda. Fungu moja huitwa athar, nalo ni kama nusu saa ya maji yote ya mfereji kuingia shambani mwako. Mchana walipima kwa kivuli cha mti uliosimikwa uwanjani, na usiku kwa kutazama nyota zikichomoza nyuma ya mlima. Fungu hilo mtu hurithi, huuza, hukodisha, na huweza kulifanya wakfu wa msikiti. Yuko wakili wa falaj anayesimamia zamu na kuweka akiba ya matengenezo, na baadhi ya mafungu hunadiwa hadharani ili ipatikane fedha ya kuuzibua mfereji ukiziba. Anayeiba zamu ya mwenzake anajulikana na kijiji kizima kabla jua halijazama.

Mboga zilikuwa wapi katika mpango huo? Zilikuwa mwisho wa foleni. Maji yakishatoka, kwanza ni ya kunywa, halafu ya msikiti na ya kuogea, kisha huingia kwenye mitende. Yanayobaki ndiyo yanayokwenda kwenye mashamba ya msimu yaliyo chini zaidi, ambako hulimwa ngano kidogo, vitunguu, vitunguu saumu na mboga. Mtende ukifa umepoteza kazi ya miaka. Kitunguu ni cha miezi tu. Kwa hiyo mwaka wa ukame, mashamba ya msimu yaliachwa bila kulimwa, na mvua ikirudi yalifunguliwa tena. Kwa maneno mengine, bustani ya mboga ilipanuka na kusinyaa kufuatana na maji. Hakuna aliyepitisha sheria. Mfereji wenyewe ulikuwa sheria.

Sasa tuteremke pwani. Kaskazini magharibi ya Maskati kuna ukanda wa tambarare unaoitwa Batina, kiasi cha kilomita 250, kati ya milima ya Hajar na bahari. Karibu nusu ya ardhi inayolimwa Oman iko hapo. Maji ya mvua chache zinazonyesha milimani huzama ardhini na kusafiri polepole kuelekea baharini, kwa hiyo mtu aliyechimba kisima pwani aliyakuta karibu. Aliyapandisha kwa ng'ombe. Walijenga mlingoti wenye gurudumu juu ya kisima, wakafunga kamba kwenye ndoo kubwa ya ngozi, na ng'ombe akateremka njia iliyochimbwa kwa mteremko akivuta. Ndoo ikapanda, ikamwaga, ng'ombe akarudi nyuma, ndoo ikashuka. Gurudumu lililia kutwa nzima. Wasafiri wengi waliopita Batina wameisimulia sauti hiyo.

Yalilimwa nini? Mitende kwanza. Chini yake ndimu, ndizi, maembe, majani ya mifugo, na vijitawanyo vya mboga vya matumizi ya nyumbani. Ndimu ndiyo ilikuwa mali: ndimu kavu za Oman zilisafirishwa Iraq, Uajemi na Bara Hindi. Mboga kama zao la kuuza haikuwa na maana kubwa, kwani angeiuza wapi? Barabara hazikuwepo. Nyanya ya Barka ingefika Nizwa imeshakuwa mchuzi mgongoni mwa punda.

Mafuta ya petroli yalianza kusafirishwa nje mwaka 1967. Tarehe 23 Julai 1970 Sultan Qaboos bin Said alishika madaraka kutoka kwa baba yake, na kuanzia hapo mambo yalikwenda mbio. Barabara za lami, hospitali, shule, mishahara ya serikali. Waomani waliotawanyika waliitwa warudi nyumbani, na miongoni mwao walikuwa maelfu waliozaliwa Unguja, Pemba, Mombasa na bara, ambao lugha yao ya nyumbani ilikuwa hii hii ninayozungumza nawe. Ndiyo maana mwaka 2019, nikiwa nimesimama kando ya barabara huko Batina nikitafuta maji ya kunywa, niliitwa kwa Kiswahili safi cha Ng'ambo, Unguja.

Mwenyewe alikuwa mzee wa miaka sabini na kitu. Nilimpa shikamoo, akaipokea kwa marahaba ndefu kama mtu aliyepewa zawadi. Alirudi Oman mwaka 1972 akiwa kijana, akafikia kwa ami yake aliyekuwa na shamba mwendo mfupi tu kutoka ufukweni. Alinipeleka kuliona. Njiani tulipita mitende mingi iliyosimama bila vichwa, kama nguzo za simu.

"Nilipofika mimi, ng'ombe alikuwepo bado," aliniambia. "Ami yangu akanunua mashine mwaka wa pili. Siku ilipowaka, majirani wote walikuja kutazama. Palichinjwa mbuzi, mwanangu! Maji yalitoka manene hivi," akaonyesha kwa mkono, "tukapanda nyanya mahali ambapo hata babu zake hawajapata kupanda kitu."

Msikilizaji, tusiwacheke watu hao. Ni nani kati yetu angeikataa mashine ile? Serikali ilitoa mikopo na misaada kwa wakulima, barabara ilishafika, mji mkuu ulikuwa unajaa watu wenye mishahara, na watu hao walitaka kachumbari mezani. Katika miaka ya 1970 na 1980 mashamba yalipanuka kuelekea jangwani, mbali kuliko kamba ya ng'ombe ilivyoweza kufika. Visima vikaongezeka mpaka vilipokuja kuhesabiwa nchi nzima vikazidi 100,000. Nyanya, matikiti maji, matango, kabichi na viazi vikawa mazao ya biashara. Watoto wa wakulima walikwenda kufanya kazi ofisini, jeshini na kwenye kampuni za mafuta, na shamba likashikwa na vibarua kutoka India, Pakistan na Bangladesh. Wako wenye mashamba waliolikodisha shamba zima na kisima chake kwa vibarua hao kwa kodi ya mwaka. Sasa mtu aliyekodi kwa mwaka atapanda kitu cha miezi mitatu. Atapanda mboga. Na kisima atakitumia kama mtu anavyotumia gari la kukodi.

Mzee yule aliniambia neno moja ambalo nililiandika palepale katika daftari langu. "Ng'ombe akichoka, unampumzisha. Akipumzika yeye, na kisima kinapumzika. Mashine haichoki, bwana."

Kilichotokea baadaye ni kanuni ya maumbile, na nitajaribu kuieleza kama nilivyoelezwa. Pwani yoyote ile, maji matamu yaliyo ardhini yanaelea juu ya maji ya chumvi yanayoingia kutoka baharini, kwa sababu maji matamu ni mepesi zaidi. Yanasukumana. Maadamu maji matamu ni mengi, bahari inakaa mbali. Ukiyavuta yakapungua, bahari inasogea. Na hesabu yake inatisha: yakishuka mita 1 kwa juu, mpaka wake na chumvi huko chini unaweza kupanda kiasi cha mita 40. Kwa hiyo mkulima hutazama ndani ya kisima, anaona maji yameshuka kidogo tu, anaongeza bomba na kuendelea. Hajui kwamba bahari iko chini ya miguu yake inapanda.

Dalili zilijulikana kwa ulimi kwanza. Chai haikuwa nzuri. Halafu ndizi na ndimu zikaanza kuungua majani pembeni. Kwa bahati mbaya, ndimu zilipata pigo jingine wakati huo huo: katika miaka ya 1970 ulizuka Batina ugonjwa unaoufanya mndimu utoe vijitawi vidogo vidogo vilivyosongamana kama ufagio, kisha mti unakufa. Ugonjwa na chumvi kwa pamoja viliimaliza mindimu mingi. Maharage na vitunguu havikustahimili. Nyanya ilivumilia kidogo. Mtende, ambao ni mvumilivu kuliko yote, ulibaki wa mwisho, na ndio ile mitende isiyo na vichwa niliyoiona. Maji yanapofikia kumuua mtende, hapo hapana tena shamba.

Serikali haikulala, na ni haki kulisema hilo. Mwaka 1985 bwawa la kwanza la kurudisha maji ardhini lilijengwa katika bonde la Al Khawd. Bwawa hilo halikujengwa ili kutunza maji yaonekane. Yangekauka kwa jua. Linayazuia mafuriko kwa muda, matope yanatulia, kisha maji safi yanaachiwa polepole yazame ardhini kabla hayajafika baharini. Mengine mengi yalifuata. Mwaka 1988 akiba ya maji ilitangazwa kuwa mali ya taifa, na mwaka 1989 ikaundwa wizara ya maji peke yake. Kuchimba kisima kipya kukahitaji kibali, na maeneo mengine kukakatazwa kabisa. Wakulima walisaidiwa kuweka mabomba ya kumwagilia kwa matone. Hata majani ya mifugo aina ya Rhodes, ambayo asili yake ni huku kwetu Afrika na yanakunywa maji bila haya, serikali iliamua yaondolewe Batina.

Lakini hapa ndipo penye tatizo lenyewe, na ndipo ninapotofautiana na wale wanaoisifia tu mabomba ya matone. Bomba la matone linampunguzia mkulima maji ya shina moja. Halimwambii apande mashina mangapi. Wako waliookoa maji kwa njia hiyo wakayatumia kupanua shamba. Na mwenye kisima bado yuko peke yake na kisima chake. Jirani akivuta usiku, hakuna nyota ya kumwambia zamu yake imekwisha. Kilimo bado kinatumia zaidi ya asilimia 80 ya maji yote ya nchi ile.

Baada ya hapo likaja banda la plastiki, kile tunachokiita kitalu nyumba. Ukipita Batina leo utayaona yamejipanga kama mabehewa ya treni. Ndani yake ni matango, karibu yote matango, kwa sababu tango linakua haraka na linauzika. Shina moja katika banda linazaa mara nyingi zaidi kuliko la nje, kwa maji machache. Hiyo ni kweli. Ila wakati wa joto, Juni na Julai, nje kuna nyuzi joto 45 na zaidi, banda lazima lipozwe, na hupozwa kwa kupitisha upepo wa feni katika pazia lililoloweshwa. Pazia hilo nalo linakunywa, wakati mwingine kuliko matango yenyewe. Aidha, tango likipandwa palepale msimu baada ya msimu, udongo unashika ugonjwa wa kuozesha mizizi. Ndipo wengine walipouacha udongo kabisa, mimea ikaota katika maji yenye mbolea au katika vifuko vya nyuzi za makumbi ya nazi. Na wengine wakanunua mitambo midogo ya kuondoa chumvi katika maji ya kisima, chumvi ile ikabaki kuwa swali la mahali pa kuimwaga.

Hatua nyingine ilikuwa kuhama. Kusini, nyuma ya milima ya Dhofar, kuna jangwa la Nejd ambalo chini yake yamo maji yaliyozama maelfu ya miaka iliyopita, wakati hali ya hewa ya Arabuni ilikuwa tofauti. Huko sasa hulimwa ngano, matikiti, vitunguu na nyanya kwa wingi, na serikali inatoa ardhi kwa wawekezaji. Matikiti yake ni matamu, nimeyala. Lakini maji yale ni kama fedha ya urithi isiyoongezwa na mshahara. Yakitoka, yametoka.

Idadi ya watu nayo haisubiri. Sensa ya mwaka 1993, ambayo ilikuwa ya kwanza, ilihesabu watu milioni 2 hivi. Ile ya 2020 ilihesabu karibu milioni 4.5. Kila mwaka mwezi wa Februari na Machi nyanya hujaa sokoni mpaka bei inaanguka na mkulima analia, na ikifika Julai nyanya za nje zinatawala meza. Na tarehe 3 Oktoba 2021, kama vile ukame hautoshi, kimbunga Shaheen kilitua kwenye pwani hiyo hiyo ya Batina kikamwaga kwa siku moja mvua ya miaka, kikazoa mashamba na visima.

Nilikuwa nimeahidi kukueleza gharama iliyolipwa. Nirudi kwa mzee wangu.

Shamba la ami yake tulilikuta halina kitu isipokuwa mitende saba na kijumba cha mashine, mlango umeng'oka. Njia ya ng'ombe bado inaonekana, mteremko umejaa mchanga. Alinitekea maji kidogo kutoka kisima cha jirani ili nionje. Niliyatema. Alicheka sana, akanipa chupa ya maji ya dukani. Nyumbani kwake, kilomita chache ndani zaidi, anamwagilia mihogo michache na pilipili mbuzi kwa maji ya bomba la serikali, ambayo ni ya bahari yaliyotolewa chumvi kiwandani. Yaani bahari ile ile iliyomnyang'anya shamba ndiyo inayomlimia mihogo, kwa bei.

Alitaka habari za nyumbani. Nilimweleza kuhusu Darajani, kuhusu bei ya karafuu, kuhusu Dar es Salaam ilivyokua. Akauliza mji mkubwa hivyo unapata wapi maji. Nikamwambia ya Mto Ruvu, na kwamba tangu ukame wa mwaka 1997 watu wamechimba visima virefu, serikali imechimba, mashirika yamechimba, na mwenye nyumba aliye na uwezo anachimba uani kwake. Vingine vya karibu na pwani, nikasema, maji yake yana chumvi chumvi, watu wanafulia.

Aliweka kikombe chini. "Na zamu anapanga nani?" akaniuliza.

Nikamwambia hapana zamu, kila mtu na kisima chake. Akatikisa kichwa, akamwita mjukuu wake atuletee tende.